Dada na Jiko Lililoandika E7

Dada yangu mkubwa hajazoea chombo kumjibu. Kwa miaka mingi alikuwa mpishi wa shule ya bweni, na zile sufuria za huko, ambazo ukitaka kuziteremsha lazima uite mwenzako, hazikuwahi kumjibu. Moto ukizidi, alivuta kuni nje. Moto ukilegea, alizisukuma ndani. Kwa hiyo Jumatatu ile, jiko lake jipya la umeme lilipolia pii, pii, pii katikati ya wali na kuandika E7 kwa taa nyekundu, aliweka mwiko chini, akashika kiuno, akaliuliza:

"Unasemaje?"

Jiko likalia tena, kisha likazima.

"Wewe!" akaniita mimi. "Hebu njoo usome hapa. Limeandika nini?"

"E saba, Dada."

"E naiona. Saba naiona. Nakuuliza limeandika nini."

Mimi ni mdogo wake, naishi kwake, na kazi yangu ni kupiga pasi kwa dobi, pale chini ya jengo letu. Pasi ikiharibika haiandiki kitu. Inakuwa ya baridi, basi, unajua imekufa.

Jiko lenyewe lilikuwa bapa, la kioo cheusi, lenye nafasi mbili za kuweka sufuria, moja mbele na moja nyuma. Halikuwa na kitu cha kuzungusha. Upande wa mbele palikuwa na ukanda mwembamba wenye alama. Unagusa kwa kidole, namba zinawaka. Dada alilinunua shule ilipoamua kuchukua kampuni ya kuleta chakula kilichokwisha pikwa, na wapishi wote wakaambiwa asanteni. Mkaa mwenye nyumba amekataza kwa sababu ya moshi kwenye ngazi. Gesi Dada hataki hata kuisikia, maana kule shuleni iliwahi kumuunguza mwenzake nyusi zote mbili, akamaliza muhula mzima na uso wa mtu aliyeshtuliwa.

Lilikuwa jambo kubwa, kununua lile jiko. Kitanda chake Dada kilikuwa cha mwalimu aliyehama. Kabati lilitoka stoo ya shule. Hata redio ilikuja na jina la mtu mwingine limekwaruzwa kwa msumari mgongoni. Jiko lilikuja ndani ya boksi, linanukia upya. Muuzaji alipobandua nailoni ya kioo cha juu ili amwonyeshe linavyowaka, Dada alimshika mkono kabla hajaigusa ile nailoni nyingine, iliyofunika ukanda wa alama.

"Hiyo niachie," alimwambia.

Ikabaki. Kona yake ilipoanza kuinuka, Dada aliibandika kwa selotepu, akazunguka pande zote kwa uangalifu, kama mzazi anayefunika kitabu cha mwanawe. Akimaliza kupika aliifuta kwa kitambaa kibichi hadi ing'ae. Niliwahi kumwuliza kwa nini asiitoe.

"Siku nikiitoa, jiko limeshakuwa la zamani," akasema. "Niache nilione jipya kwanza."

Sasa, Jumatatu ile hakuwa anapika kwa ajili yetu. Alikuwa anajaribu. Zahanati iliyo mtaa wa pili ilikuwa imempoteza mama aliyekuwa akiwaletea chakula cha mchana, na muuguzi mkuu wa pale alimwambia Dada alete chakula Alhamisi, wafanyakazi wote wale, waone. Kikiwaridhisha, kazi ni yake kila siku. Kisipowaridhisha, kuna mama mwingine anangoja nyuma yake.

Usidhani ni jambo dogo. Tangu shule imwache, Dada alikuwa anapungua. Aliamka kabla ya jogoo na kukaa kwenye kigoda jikoni mikono imelala mapajani. Alimenya vitunguu ambavyo havikuwa na mchuzi wa kuingia. Alipika chakula cha watu wawili kana kwamba kengele italia na mabweni yote yatamiminika, halafu akanikasirikia mimi kwa kushindwa kukimaliza. Jumapili ya kuamkia Jumatatu ile, akichagua mchele kwenye ungo, alisema bila kunitazama: "Hii nikiikosa, basi. Nitakuwa mtu wa kukaa."

Kwa hiyo E7 ilipotokea, ilikuwa kama imetumwa.

Tulianza na kitabu cha maelezo. Kilikuwa na lugha nyingi na maandishi madogo kama sisimizi, nikatoa macho mpaka yakaniuma. Dada akagonga mlango wa jirani yetu, mzee mmoja mstaafu tunayemwita Inspekta kwa sababu hakuna kinachopita kwenye ngazi bila yeye kukikagua. Alikuja na miwani yake, akakaa, akaomba chai kabla ya kufungua ukurasa.

"Chai nitaichemshia wapi, jirani?" Dada akamwuliza. "Si ndilo hilo limekufa?"

"Oo. Basi maji." Akalamba kidole, akafunua. "Haya. Makosa. E1, umeme mdogo. E2, umeme mwingi. E3, hakuna sufuria. E4, sufuria si ya aina yake. E5, joto limezidi. E6, feni imeziba."

Akavua miwani.

"Endelea," Dada akasema.

"Nimemaliza."

"Na saba?"

"Saba hakuna. Baada ya sita kuna picha ya mtu anatupa jiko kwenye pipa, imekatwa kwa mstari."

"Hakuna vipi? Na limeandika mbele ya macho yangu!"

"Mama Mpishi, mimi nasoma kilichopo. Hilo jiko lako limegundua ugonjwa mpya." Akacheka peke yake. Dada alimkata jicho, naye akanywa maji yake yote kwa haraka na kukumbuka kwamba ameacha redio inaimba kwake.

Tulichomoa waya, tukachomeka. Jiko likawaka vizuri, halina habari, kama halikuwa lenyewe lililokuwa linalia. Dada akarudisha sufuria kubwa ya wali mbele. Maji yakachemka, mvuke ukapanda, mfuniko ukaanza kucheza. Pii, pii, pii. E7. Ikawa hivyo mchana kutwa. Likiwa baridi, linakubali. Sufuria ikianza tu kutokota, linasusa. Dada alijaribu kulibembeleza, akajaribu kulitukana, akajaribu kulipa mgongo ajifanye halimhusu. Mwisho akala wali ule na kiini chake, akitafuna kwa hasira, na mimi nikala naye.

Jumanne tukapiga simu ya huduma kwa wateja. Nasema tukapiga, lakini Dada alinipa mimi simu.

"Ongea wewe, mwanamume. Mimi nitamtukana mtu."

Mimi na simu hatupatani. Nikijua kuna mtu nisiyemjua upande wa pili, ulimi unakuwa mzito na sauti inarudi kooni. Bahati nzuri, kwanza hakukuwa na mtu. Kulikuwa na mashine: bonyeza moja, bonyeza tatu, simu yako ni muhimu sana kwetu. Halafu muziki.

"Kama ni muhimu mbona hawapokei?" Dada akauliza.

Muziki ukaisha, ukaanza upya. Nilikuwa nimeshaujua mpaka pale kinanda kinapopanda. Ghafla mwanamke akasema, "Habari, mteja wetu, nikusaidie nini?" na mimi nikashtuka nikasahau tulikuwa na shida gani.

"Jiko," nikasema.

"Sikusikii, baba."

"Jiko. Linaandika."

"Baba, samahani, ongeza sauti kidogo. Linafanya nini?"

"Hebu lete!" Dada akaninyang'anya simu. "Dada yangu, shikamoo, marahaba, tusipoteze muda. Jiko langu jipya linaandika E7 na linazima. Kitabu chenu hakina E7. Mmeificha wapi?"

Yule mwanamke hakukasirika. Alikuwa na sauti ya mtu aliyeketi mahali penye kivuli. Nilimsikia vizuri kwa sababu Dada huweka simu mbali na sikio, akiamini inaunguza ubongo.

"E7 ni ya toleo jipya, mama, pole. Maana yake jiko linaona kama kuna kitu kinabonyeza alama muda wote. Mara nyingi ni maji au mafuta yameingia pale pa kugusa. Nikuulize, ile nailoni ya kinga iliyokuja nalo, pale kwenye alama, umeshaiondoa?"

Dada akaniangalia. Akaangalia jiko. Nailoni ilikuwa inang'aa na selotepu yake.

"Niliiondoa siku ile ile ya kwanza," akasema.

"Una uhakika, mama?"

"Mwanangu, mimi ni mtu mzima."

"Basi sawa. Kama nailoni haipo, futa pakauke. Likiendelea itakuwa ni ubao wa umeme wa ndani, utafute fundi aliangalie."

Simu ikakatika. Nikabaki nimekodoa macho.

"Nini?" Dada akasema. "Usiniangalie hivyo. Nikiwaambia ipo, watasema kosa ni langu na waranti wanafuta. Nawajua watu wa duka. Halafu nailoni yenyewe nyepesi kama ganda la kitunguu, itabonyeza nini? Ina mkono?"

"Dada, labda ile nailoni..."

"Labda nini?"

Alikuwa ameshika kisu, anakata kabichi, na kabichi lilikuwa linaumia.

"Hakuna kitu," nikasema, nikashuka kazini.

Siku nzima nilipiga pasi mashati ya watu nikiwa nagombana na Dada kichwani. Kichwani mimi ni hodari sana. Nilimwambia kila kitu, kwa mpangilio, na yeye akaninyamazia na kukubali. Nilipopanda jioni alikuwa bado anaifuta ile nailoni kwa kitambaa kibichi, kwa nguvu, kwa sababu yule mwanamke alisema afute.

Jumatano akaletwa fundi. Mtaa mzima unamwita Fundi Subiri. Ni mtu mpole, mnene, anayefanya kazi ameshikilia bisibisi mdomoni, na ukimwambia lolote jibu lake ni hilo hilo, subiri. Alitandika blanketi sakafuni, akaligeuza jiko kifudifudi, akaanza kufungua kwa chini. Mimi nilikuwa nimepanda kutoka kazini nimwambie habari ya nailoni tu. Nilijikaza. Nikachuchumaa karibu naye.

"Fundi, kule juu, kwenye alama, kuna..."

"Subiri."

Nikasubiri. Akatoa skrubu moja baada ya nyingine na kuzipanga kwenye kifuniko cha chupa.

"Fundi, nilikuwa nasema, upande ule wa..."

"Subiri, bwana. Hapa ndani ndiko kwenyewe."

Dada alisimama juu yetu kama mwamuzi. Fundi akaingiza vidole viwili ndani ya jiko, akavitoa taratibu, akainua mende mmoja mkavu, kamshika ndevu.

"Huyu hapa. Huyu ndiye E7 wako, Mama."

"Kwangu hakuna mende!"

"Mama, mimi namshika."

"Huyo umekuja naye! Nasema kwangu hakuna mende. Jiko jipya, limetoka dukani kwenye boksi lake, mende aingie saa ngapi? Labda alitoka nalo kiwandani."

"Basi ni wa kiwandani," Fundi Subiri akakubali, kwa sababu hapendi ugomvi. Akamtupa dirishani, akapuliza ndani, akafunga skrubu zote, ikabaki moja ambayo aliitia mfukoni bila maelezo. Akaligeuza jiko, akalifuta juu kwa kiganja, pale pale kwenye nailoni, wala asiione. Selotepu ilikuwa imekaa kama imezaliwa nayo. Akachemsha maji ya chai. Yakachemka. Jiko kimya.

"Unaona?"

Dada alivuta pumzi kama mtu aliyewekwa huru. Usiku wa kuamkia Alhamisi hakukuwa na kazi kubwa tena. Maharage aliyapika jioni ile kwenye nafasi ya nyuma, sufuria ya wastani, na jiko likamtii mpaka mwisho. Akasema yule mende angekuwa mtu angempeleka polisi. Mimi nilitaka kusema kwamba chai na maharage havikuwa mbele, na kwamba mvuke wake haukufika kwenye alama. Nilifungua mdomo. Akanipa maharage nionje. Yalikuwa mazuri. Nikafunga mdomo.

Alhamisi niliomba ruhusa kwa dobi nimsaidie kubeba. Asubuhi ilikwenda vizuri mno. Nyama ikaiva nyuma, laini, mchuzi mzito. Kabichi likafuata. Dada alikuwa na ule uchangamfu wake wa shuleni ambao sikuwa nimeuona muda mrefu. Alionja mchuzi kwenye kitanga cha mkono, akanyonya meno, akaongeza chumvi kwa vidole vitatu bila kutazama. Aliniamuru kama jeshi. Kisha akaiweka sufuria kubwa ya wali mbele, akafunika.

Maji yakachemka. Povu likapanda, likachuruzika ubavuni mwa sufuria, tone likaanguka kwenye ukanda. Mvuke ukainama juu ya ile nailoni.

Pii, pii, pii.

Alichomoa, akachomeka. E7. Akafuta kwa kitambaa, akachomoa, akachomeka. E7. Akainua sufuria kwa mikono miwili, nzito ile, akasimama nayo katikati ya jikoni hajui aiweke wapi. Mchele ulikuwa umeshaanza kunywa maji. Wafanyakazi wa zahanati hula saa saba, na saa sita ilikuwa imeshapita.

"Fundi yule!" akasema kwa sauti ya kukwaruza. "Na mende wake!"

"Dada," nikasema.

"Usiseme na mimi sasa hivi."

Nikatoka. Sikuondoka kwa hasira, niliondoka na simu yake. Nilisimama kwenye ngazi, nikabonyeza moja, nikabonyeza tatu, nikausikiliza ule muziki mpaka pale kinanda kinapopanda. Ghorofa ya chini mtu alikuwa anatoboa ukuta kwa mashine. Mwanamke akapokea, sijui kama ni yule yule.

"Jiko letu linaandika E7," nikasema.

"Sikusikii, baba."

"E7! Ninyi mlituuliza kuhusu nailoni."

"Baba, kuna kelele sana, sikusikii. Nailoni imefanyaje?"

Sijui kilichonipata. Nafikiri ni Dada, jinsi alivyokuwa amesimama na ile sufuria. Nilijaza kifua upepo kama mtu anayeita mwizi.

"HATUJAITOA! NAILONI BADO IPO! IMEBANDIKWA NA SELOTEPU!"

Na hapo hapo ile mashine ya kutoboa ikanyamaza. Sauti yangu ikashuka ngazi zote, ikarudi. Mlango wa Inspekta ukafunguka. Mlango wetu nao ukafunguka, na Dada akasimama hapo, mwiko mkononi.

Yule mwanamke alikuwa akiongea taratibu sikioni mwangu: chomoa umeme, toa nailoni yote na gundi yake, kausha kwa kitambaa kikavu, kisiwe kibichi, acha likae kidogo, chomeka. Nikasema asante. Nikakata.

"Bado ipo?" Inspekta akauliza, macho yamemtoka. "Mama Mpishi! Jiko lote hili tunalihangaikia na nailoni bado ipo?"

"Rudi ndani, jirani," Dada akasema.

Inspekta akarudi ndani, lakini mlango hakuufunga.

Jikoni Dada alinipisha. Akasimama dirishani, akanigeuzia mgongo. "Itoe wewe," akasema. "Mimi sitaki kuona."

Kwa hiyo nikainama kuitoa, na haikutoka. Kucha zangu hazina makali, zimeliwa na pasi na sabuni. Selotepu ilikuwa imeshikana na mafuta na joto ikawa gundi moja. Nilikwangua kona hii, ikachanika kipande kidogo kama ukucha wa mtoto. Nilikwangua kona ile, ikachanika kingine. Jasho likanitoka. Niliulaani mkono wake uliobandika vizuri namna ile. Nyuma yangu nilimsikia Dada anapumua, halafu anasonya, halafu hakuvumilia.

"Toka. Unaikwangua kama kuku."

Akaingiza ukucha wa dole gumba chini ya selotepu, akaubana ulimi kati ya meno, akavuta. Ilitoka kwa mlio mrefu wa kuchana. Chini yake palikuwa na maji. Si tone, palikuwa na maji yaliyosambaa, ya manjano, yamechanganyika na mafuta ya siku zote tangu jiko lianze kupika. Kila alipofuta juu, chini kulikuwa kunajaa. Alikitazama kile kipande mkononi mwake, kimejikunja, kichafu, akakitupa kwenye ndoo ya maganda. Alikausha ule ukanda kwa shati langu, kwa sababu ndilo kitu kikavu kilichokuwa karibu, na mimi nilikuwa bado nimelivaa.

Tukachomeka. Namba zikawaka. Hakuna E. Akarudisha sufuria ya wali, ikatokota, mvuke ukainama, jiko likanyamaza kama limemwagiwa maji.

Lakini wali ulikuwa umekwisha haribika. Ulikaa muda mrefu kwenye maji ya uvuguvugu. Nje umekuwa uji, ndani mawe. Dada aliutikisa, akaufunika, akauongezea moto, akaupunguza, akafanya yote anayoyajua mpishi. Kisha akachota kidogo, akatafuna, akatema kiganjani.

"Huu sipeleki."

"Dada, ukiufunika na mchuzi hawatajua."

"Kila mwenye meno atajua." Akafuta mikono. "Hakuna muda wa kupika mwingine. Nenda dukani, chukua mikate iliyopo yote. Kimbia."

Nilikimbia. Nilirudi na mikate kifuani kama mtu anayebeba watoto wachanga, na tukashuka, yeye na sufuria ya nyama, mimi na maharage na kabichi na mikate. Inspekta alitufungulia geti bila kusema chochote, jambo ambalo sijaliona tena.

Tulifika wamechoka kungoja. Walikuwa wamekaa kwenye mabenchi ya ua wa nyuma, sahani tupu mapajani. Dereva wa gari la wagonjwa aliona mikate kabla hajaona sufuria.

"Mkate? Tuliambiwa wali."

"Kula kwanza," Dada akamwambia, akaanza kupakua.

Muuguzi mkuu alikuwa mwanamke mrefu mwenye saa iliyobandikwa kifuani. Alichukua sahani yake, akachovya mkate kwenye mchuzi, akatafuna, akachovya tena. Hakuonyesha kitu usoni. Alipomaliza alifika hadi mezani, akatazama ndani ya sufuria zote, moja baada ya nyingine, kama anatafuta mtu.

"Mama, wali uko wapi?"

"Uko nyumbani, Sista. Nimeuharibu."

"Umekuja kujaribiwa, halafu umeharibu wali?"

"Ndiyo. Jiko lilinizimikia mara tatu, na kosa ni langu, nililifunika mahali ambapo halikutakiwa kufunikwa. Ningeuleta mngevunja meno."

Mtu mmoja wa maabara akacheka, akajifanya anakohoa. Nilitamani ardhi inimeze. Nilijua Dada angeweza kutafuta uongo, kusema umeme ulikatika, umeme hukatika kila siku na hakuna anayeuliza. Ndiye huyu huyu aliyemdanganya mwanamke wa simu kuhusu nailoni. Lakini chakula ni chakula. Juu ya chakula sijawahi kumsikia akisema uongo hata kwa mtoto anayekataa mboga.

Muuguzi mkuu akatazama saa yake ya kifuani. "Watu wangu hula mkate asubuhi. Mchana wanataka wali. Nyama yako ni nzuri, maharage mazuri. Mimi sina shida na nyama." Akafikiri. "Kesho lete wali. Saa saba, si saa saba na kitu. Nikiona mkate tena, tusisumbuane."

"Haya, Sista," Dada akasema.

Njiani kurudi alitembea mbele yangu kwa kasi, sufuria tupu zikigongana. Nilifikiri amefurahi. Kumbe alikuwa anachemka. Tulipofika kona ya mtaa wetu alisimama, akanigeukia.

"Ulijua tangu lini?"

"Tangu Jumanne. Nilikwambia."

"Uliniambia lini?"

"Nilisema, Dada, labda ile nailoni."

"Ulinong'ona! Ulinong'ona kama unaomba chumvi usiku. Ile si kuniambia. Nina jiko linalia, nina fundi anafuga mende, nina jirani anasoma mpaka sita, na wewe mtu pekee mwenye akili ndani ya nyumba unaninong'oneza!"

"Ulikuwa umeshika kisu."

"Kisu cha kabichi!"

"Wewe ulimwambia yule mwanamke umeiondoa. Ningesemaje mimi mbele yako?"

Watu wawili waliokuwa wakipita walipunguza mwendo ili wasikie. Dada akaona, akaendelea kutembea, na nyuma yake nilimsikia akisema peke yake, kwa uchungu kabisa, "Selotepu ya pande zote nne. Mtu mzima mimi."

Ijumaa alianza na wali. Aliupika mapema, kwenye nafasi ile ile ya mbele, akasimama juu yake na taulo kavu begani. Povu lilipochuruzika alilidaka kabla halijafika chini. Jiko halikulia. Hata hivyo alilikemea mara kadhaa, kwa tahadhari. Wali ulitoka punje punje, mweupe, unainuka ukiugusa.

Saa saba kasorobo tulikuwa uani kwa zahanati. Dereva alikula sahani mbili na kuuliza kama mkate umeisha, kwa uchokozi, na Dada akamwambia akale tairi la akiba la gari lake. Muuguzi mkuu alikula amesimama. Alikwangua sahani, akaiweka juu ya nyingine, akasema, "Jumatatu basi, mama. Na kila siku," akaenda zake, kulikuwa na mgonjwa analia ndani.

Nilimtazama Dada nikitegemea kitu, machozi labda, au japo tabasamu. Alikuwa ameinama anapima kimo cha meza ya kupakulia kwa kiganja, amekunja uso.

"Meza yao fupi hii," akasema. "Mgongo utanikatika kabla mwezi haujaisha. Waambie watafute matofali, waiinue. Na uwaambie kwa sauti."